Mbuzi wa Kufungua Macho

Ukitaka Mama Numbi akufukuze kwake, mwambie tu kwamba yeye ni mwanamke shujaa. Ataweka chini chochote anachoshika, hata kama ni mfuko wa makaa uliouzwa nusu, na atakuuliza kama huna kazi nyumbani kwenu. Kina mama wa parokia walishajaribu. Walimpelekea kitenge kipya, wakamwomba asimame mbele ya watu siku ya sherehe, aeleze alivyowazuia vijana kwenye mlango wa jirani, mwaka ule watu wa Kasai walipofukuzwa Kolwezi. Kitenge alikirudisha kikiwa bado kimekunjwa.

“Muvalishe mwingine,” alisema. “Kile kitaniwasha mwili.”

Wakasema ni unyenyekevu. Unyenyekevu gani? Mtu yeyote aliyewahi kubishana naye bei ya makaa anajua kwamba Mama Numbi hana hata chembe yake.

Alizaliwa kando ya reli, upande wa Mutshatsha, akaolewa na Nkulu, fundi wa treni, Muluba wa kaskazini kama yeye, akaletwa Kolwezi kwenye kambi ya wafanyakazi. Nyumba za kambi zilijengwa mbili mbili, mgongo kwa mgongo, ukuta mmoja katikati. Upande wa pili aliishi Tata Muamba na mke wake Bilonda. Hao walikuwa watu wa Kasai. Lakini Kasai ya wapi? Babu yake Muamba aliletwa na Wabelgiji kuchimba shaba, baba yake akazaliwa hapa, yeye mwenyewe akazaliwa hapa, na hiyo Kasai aliijua kama wewe unavyoijua Roma, yaani kwa kusikia.

Ukuta ulikuwa mwembamba. Numbi akipiga chafya, Bilonda anaitikia “Santé, mama!” kutoka upande wake. Bomba la maji lilikuwa moja, kinu kimoja. Waligombana pia, usifikiri walikuwa malaika. Bilonda alikuwa na tabia ya kufagia takataka zake mpaka mwisho wa uwanja wake na kuziacha papo hapo, pua kwa pua na uwanja wa Numbi. Lakini Nkulu alipokufa, ni Bilonda aliyelala na Numbi kwenye mkeka mpaka kilio kikaisha, akimlisha uji kama mtoto. Ndugu za Nkulu wakati huo walikuwa wanagombea redio.

Sasa, bila kuelewa mambo ya bukwe, yaani ya wakwe, hutaelewa kosa la Numbi. Kwetu Waluba, wa Katanga na wa Kasai sawasawa, mume wa binti yako hakutazami usoni. Akikuona njiani, anaiacha njia na kuingia majanini. Hali chakula mbele yako. Mlango uliokalia wewe hapiti, hata kama ndani nyumba inaungua. Si chuki, ni heshima, na heshima hiyo ni kali kuliko sheria ya serikali, maana serikali unaweza kuihonga. Kitu kimoja tu kinaifungua: mbuzi. Mukwe wako anakuletea mbuzi na kitenge kwa mkono wa shangazi yake, wewe unasimama, unapokea kwa mikono miwili, basi. Tangu saa hiyo anakusalimu uso kwa uso kama mtoto uliyemzaa. Wanamwita mbuzi wa kufungua macho.

Séraphin, aliyemwoa Mwadi, binti wa pekee wa Numbi, alileta kila kitu isipokuwa mbuzi huyo. Leo, kesho, leo, kesho. Numbi alilifanya jambo hilo wimbo wa bombani. “Mukwe wangu ni kipofu, na mi ni kipofu,” alisema akijaza ndoo. “Tutazikwa hatuyaonana.” Bilonda alicheka mpaka maji yakamwagika. Lakini Numbi mwenyewe hakucheka sana. Mwanamke ambaye mukwe wake hajamfungua macho anaonekana mtaani kama mtu aliyetoa binti bure.

Kisha kampuni ya shaba iliyotulisha ikaanza kufa. Posho ya unga ilikatika, mshahara ukawa hadithi, mashimo yakajaa maji. Mtu mwenye njaa anatafuta wa kumlaumu, na wakubwa hawakutuacha tutafute mbali. Kwenye mikutano walisema: mtu wa Kasai ndiye aliyekula kazi zenu. Wakawaita bilulu, yaani wadudu. Séraphin, aliyekuwa anashinda ukutani akichokoa meno bila nyama, akapewa bereti na kuwa mkubwa wa vijana wa mtaa.

Na Numbi alifurahi. Hilo parokiani hawalisemi. Alifurahi kwa sababu mume wa binti yake amekuwa mtu. Alipika munkoyo, kinywaji chetu cha mahindi, akautuma kwenye mkutano kwa ndoo, vijana wakanywa na kumsifu. Aliingia katika kundi la kina mama walioimba. Wimbo ulisema nini? Ulisema kwamba wadudu wakiingia ghalani, mwenye ghala anachukua ufagio. Aliuimba kwake akipepeta unga, apate kuushika vizuri, na ukuta, nimeshasema, ulikuwa mwembamba.

Asubuhi moja Bilonda alimuuliza bombani, “Mama Numbi, ile wimbo, ni sisi munaimba?”

“Haina nyinyi. Ni bale bengine.”

“Bale bengine ni banani?”

Numbi alibeba ndoo kabla haijajaa.

Hao wengine walianza kupita. Mtaa wa pili, kisha mtaa wa nyuma: watu na magodoro kichwani, bibi kizee kwenye toroli, wote kuelekea stesheni kungoja treni ya kuwapeleka huko wasikokujua. Numbi alifunga dirisha. Alisema ni vumbi, na ulikuwa msimu wa mvua.

Bilonda wakati huo alikuwa na mimba iliyokaribia. Mimba zake nyingine zilitoka kabla ya wakati. Hii ilikuwa imeshika, na alitembea nayo kama mtu aliyebeba mayai. Tata Muamba, mtu mpole aliyevaa tai hata siku ya kwenda kununua chumvi, alikuja mlangoni kwa Numbi, tai shingoni.

“Mama, juu ya nyumba sina neno,” alisema. “Bachukue. Bachukue na kiti, na kitanda. Lakini azae kwanza. Azae chini ya bati, asizae mu mvua kule stesheni. Mukwe wako anaongoza bale batoto. Mi sina mutu mwingine wa kuuliza.”

Numbi hakuweza kumtazama. Alitazama ile tai. “Atazaa hapa,” alisema. “Siku watakuya, nitakaa mi mwenyewe mu mulango yenu. Tutaona nani atanipita.”

Walikuja asubuhi, na asubuhi hiyohiyo Bilonda alishikwa na uchungu. Wimbo ulisikika kutoka kona, ule ule. Numbi alichukua kigoda chake, akazunguka nyumba, akakaa katikati ya mlango wa Muamba na kunyoosha miguu mbele kama mtu anayeota jua.

Séraphin alikuwa wa kwanza kutokea. Alimwona, akaruka kama aliyekanyaga kaa la moto, akavuta bereti mpaka puani na kukimbilia nyuma ya mti wa avoka. Vijana waliokuwa wanamfuata wakagongana. Wimbo ukafa katikati ya neno.

“Kalala,” sauti ilitoka nyuma ya mti, “umwambie mama mukwe wangu, ninamusalimia.”

Kalala, msaidizi wake, kijana mwenye kifua kama pipa, akamgeukia Numbi aliyekuwa hatua chache tu. “Mama, shefu anakusalimia.”

“Nimesikia. Umwambie yambo. Umwambie pia ile avoka ni nyembamba, tumbo yake inaonekana.”

Vijana wakacheka, kisha wakakumbuka kwamba hawakuja kucheka.

“Kalala, umwambie ile nyumba haina yake. Yake ni ile ya upande.”

“Umwambie nimekosea mulango. Ni uzee.”

“Kalala! Umwambie tuko na kazi ya inchi hapa!”

“Na wewe umwambie ndani humu kuko kazi ya mwanamuke, na ile haingojake shefu.”

Kalala alichoka kugeuza shingo. “Shefu,” alisema kwa sauti ya chini, ingawa mtaa mzima ulisikia, “nimusukume kidogo? Polepole?”

“Weye! Umusukume nani? Ni mukwe wangu!”

“Sasa tufanye namna gani?”

Ukimgusa mama mukwe wa shefu, umemtukana shefu, na shefu lazima apigane nawe, apende asipende. Nyuma ya nyua wanawake walianza kucheka, kwanza kwenye viganja, kisha waziwazi. Mmoja akapiga vigelegele. Vijana wenye marungu walisimama pale kama kuku waliolowa, na baada ya kitambo wakaondoka, Séraphin akitembea kinyumenyume, uso umegeukia upande mwingine, asije akamwona.

“Mama Numbi, uko?” Bilonda aliita kutoka ndani.

“Niko. Zaa tu. Nimebafukuza na tumbo yao.”

Parokiani habari inaishia hapa. Wanaisimulia asubuhi, mchana hawautaji.

Mchana ulikuja hivi. Numbi alikuwa bado mlangoni na, Mungu amsamehe, alikuwa anafurahi. Wapita njia walimpongeza, naye akairudia ile habari ya tumbo na avoka, kila mara akiongeza chumvi. Bilonda alikuwa analia ndani, akiita mara kwa mara, “Mama Numbi, uko?” na Numbi akiitikia “Niko” bila kugeuza kichwa, maana alikuwa na wasikilizaji.

Ndipo Mama Fidélie akatokea. Huyu ni shangazi yake Séraphin, mwanamke mkubwa kwa umri kuliko Numbi, mwenye miguu mibovu. Nyuma yake vijana walifuata bila wimbo, bereti mkononi, kama watu wanaokwenda kuposa. Begani alikuwa na kitenge kipya. Mkononi alishika kamba, na kwenye kamba alikuwa mbuzi jike, mnene, sikio moja limekatwa ncha. Numbi alimjua yule mbuzi. Alikuwa wa Kabasele wa mtaa wa pili, aliyekwenda stesheni wiki ile na watoto wake.

Mama Fidélie alipiga magoti kwenye matope. Mtu wa umri wake, na magoti yale. Akapiga makofi ya heshima.

“Mama mukwe,” alisema kwa sauti ya kufika hata nyua za mwisho, “mutoto yetu amechelewa. Haya imemushika. Anasema: Mama, umenipa binti na mi sikukupa kitu. Leo amekuletea macho yako. Utupokee.”

Miaka yote ile Numbi aliingoja siku hiyo, akaiota, akaipigia hesabu atavaa nini, na sasa imekuja, na mtaa wote unatazama. Mbuzi akikataliwa mbele ya watu, ndoa imevunjika hapo hapo, Mwadi anarudi kwa mama yake na watoto mgongoni. Na mbuzi hapokelewi mtu akiwa amekaa. Hata mtoto anajua.

Ni mambo hayo Numbi aliyoyasema baadaye alipotaka kujitetea, kisha akaacha kujitetea. Maana mwili wake haukupima kitu. Ulisimama wenyewe. Alikung'uta kitenge chake, akatoka mlangoni, akanyoosha mikono miwili na kuipokea kamba, na kwa kitambo kidogo alikuwa mwanamke mwenye furaha kuliko wote katika kambi ile.

“Mama Numbi, uko?”

Hakuitikia. Huwezi kupokea mbuzi huku ukipiga kelele.

Séraphin, aliyekuwa amerudi kujificha, alitoka nyuma ya mti wa avoka. Alikuja polepole mpaka mbele yake, akainua uso, na kwa mara ya kwanza walitazamana. Alikuwa na macho mazuri, ya kitoto. Numbi alishangaa kwamba hakuwahi kuyajua.

“Yambo, mama,” alisema Séraphin.

Akampita, akaingia mlangoni.

Hapo Numbi alielewa. Alitupa kamba, akapiga ukelele, akamrukia Kalala aliyekuwa wa pili kuingia. Lakini sasa hakuwa tena mukwe wa kuogopwa. Alikuwa mama tu, na mama anaweza kusogezwa. Kalala alimshika mabega kwa upole kabisa. “Pole, mama,” alisema, akamweka kando kama kiti.

Godoro lilitoka, sufuria zikatoka, kitanda kikatoka vipande. Mwisho akatoka Bilonda, ameshikwa na mume wake, maji ya uzazi yamelowesha nguo mpaka miguuni. Alipofika mbele ya Numbi alisimama. Maumivu yalikuwa yamemshika, akangoja yapite. Akamtazama mbuzi aliyekuwa anakula majani ya viazi vyake.

“Ni munene,” alisema. Akaendelea.

Mvua iliwakuta njiani. Numbi aliwafuata na mkeka kichwani, kwa mbali, kama mbwa aliyeiba. Stesheni ilikuwa imejaa watu mpaka kwenye reli: kabati zimelazwa ziwe nyumba, plastiki juu ya vijiti, moshi, watoto wanakohoa. Kina mama wawili walikuwa tayari wanamshikia Bilonda vitenge viwe ukuta. Walipomwona Numbi anapenya na mkeka wake, mmoja alimzuia. Wimbo aliujua, na waimbaji wake pia.

“Weye wa ghalani, unatafuta nini hapa? Umesahau ufagio?”

“Mumuache,” alisema Bilonda kutoka chini, meno yamebana. “Anajua hii kazi. Mukono yake nahitaji. Yeye mwenyewe, hapana.”

Basi Numbi alifanya kazi ya mikono. Alipiga magoti kwenye matope ya stesheni na hakuna aliyemwambia neno, na yeye hakusema ila “sukuma” na “pumzika.” Mtoto alikuwa wa kike. Alilia, kidogo, kama mlango unaofunguliwa. Maji ya mvua yalikuwa yanapita chini ya mkeka. Numbi alimfunga mtoto kwa kitenge alichokuwa amejifunga mwenyewe, akabaki na gauni la ndani mbele ya watu wote, na Bilonda akampokea mwanawe.

“Asanti ya mukono,” alisema. “Sasa wende.”

Alikwenda, na kesho yake akarudi na bukari, ugali wetu, na majani ya mihogo. Muamba alipokea, akashukuru kwa adabu, tai imelowa shingoni. Bilonda aligeukia upande mwingine. Ikawa hivyo kila siku, mpaka asubuhi aliyokuta mahali pao ni pa wengine. Walipakiwa kwenye behewa la mizigo lisilo na paa. Wafanyakazi wa treni waliorudi kutoka huko walisema watoto wachanga wengi hawakufika, walizikwa kando ya reli, treni iliposimama. Numbi aliwauliza juu ya msichana aliyefungwa kitenge cha rangi ya manjano. Wale watu walimtazama. Unajua vitenge vya manjano ni vingapi duniani? Kama yule mtoto aliishi, Numbi hajui. Mpaka leo hajui.

Mbuzi alichinjwa na ndugu za Séraphin, wakaimba. Mwadi alimletea mama yake mguu, fungu la mama mukwe. Numbi alimpa mbwa, na hata hilo alilijutia, maana watu walikuwa na njaa. Nyumba ya upande wa pili aliingia Dady, mdogo wake Séraphin, kijana mwenye redio. Numbi alihamisha kitanda chake kutoka ule ukuta.

Bereti ya Séraphin haikudumu. Nyumba za watu wa Kasai zilipokwisha, wakubwa hawakumkumbuka tena, na kazi tulizoahidiwa hazikuja, kwa sababu hakuna aliyekuwa amezila. Siku hizi anachimba mawe kwenye mashimo yaliyoachwa, pamoja na watoto wa umri wa wanawe. Mwili umeisha. Akipita njiani na gunia lake, Mama Numbi anafanya jambo ambalo wageni wanalipenda: anajifunika uso kwa kitenge, anaacha njia, anaingia majanini mpaka mwanamume apite. Wageni wanasema, tazama, bado wako wamama wanaoshika desturi.

Sisi wa hapa tunajua kwamba mbuzi alishapokelewa, na desturi imeisha siku nyingi.

Juzi Mwadi alikuja kwa mama yake mchana, amechoka na mambo hayo. Séraphin alisimama nje, karibu na mifuko ya makaa, kofia mkononi. Kifua kinamsumbua. Alitaka kusalimiwa tu.

“Mama, mpaka siku gani?” Mwadi alisema. “Mbuzi ulipokea mbele ya bantu bote. Ni mzee sasa, anagonjwa. Anataka tu umuangalie.”

Numbi alikuwa ameshajifunika. Alizungumza chini ya kitenge, kwa sauti ya kawaida, mlango ukiwa wazi.

“Mwadi, umwambie bwana yako nasikia eko pale. Umwambie asifikiri namukatalia. Ni mi najificha uso. Hii ni haya yangu. Yake, ajibebee.”

Mwadi akatoka kwenda kumwambia, ingawa Séraphin alikuwa amesikia yote.